Niliyemshinda Mahakamani Alinipa Pole

Nilishinda kesi saa nne asubuhi.

Saa nne na dakika tano, mtu niliyemshtaki alinifuata kwenye ngazi za mahakama, akavua miwani yake, akanipa mkono, akaniambia, "Pole sana, kijana."

Si hongera. Pole.

Nilicheka mpaka watu wakageuka. Nikamwambia, "Pole jipe mwenyewe, Bwana Kesho. Una siku kumi na nne. Kalamu yako leo imepata mwenyewe."

Alirudisha miwani usoni, akashuka ngazi polepole kama mtu aliyebeba ndoo ya maji kichwani.

Siandiki haya kutafuta huruma. Kuna watu wanaosema niliwauza, na kuna wanaosema nilikuwa mjinga tu. Nimechoka kusemewa. Leo nasema mwenyewe, halafu chagueni.

Mimi ni fundi wa kuchomelea. Mageti, madirisha, ngazi, vitanda vya chuma. Mashine niliishika nikiwa na miaka kumi na sita. Ushairi nao nilijifundisha mwenyewe, nahesabu mizani kwa vidole huku chuma kinapoa. Wateja wengine walikuja wakitaka geti lenye mstari wa shairi juu yake. Mstari nautunga mimi, naukunja kwa nondo nyembamba, herufi moja moja, mpaka unasomeka toka ng'ambo ya barabara.

Basi nikajiona mtu. Sifa zikaniingia kichwani kama moshi, na moshi ukiwa kichwani mtu haoni njia.

Karakana yangu ilikuwa ya mwisho ndani ya uchochoro mrefu, mwembamba, wenye karakana thelathini na saba. Wapaka rangi magari, washona viatu na gundi zao, mafundi makochi, wapiga vanishi, wachaji betri. Nyuma ya ukuta mmoja yalisimama maghorofa ya wapangaji, yaliyojengwa miaka sita iliyopita, na wakazi wake walikuwa wanatupigia kelele madirishani kila moshi ulipopanda.

Mlangoni kabisa mwa uchochoro alikaa mama yangu mdogo. Dobi. Mapipa mawili ya maji ya moto, kamba saba, pasi tatu za mkaa, na mdomo usiolala. Mama yangu alifariki nikiwa na miaka minne. Mama mdogo ndiye aliyenibeba mgongoni huku anafua mashuka ya watu. Mgongo wake umepinda mpaka leo, na mwenyewe husema umepinda kwa uzito wa kichwa changu.

Wote tulifanya kazi kwa karatasi ya njano.

Karatasi ya njano ni hivi. Ukipeleka ombi la leseni ya biashara manispaa, unapewa stakabadhi ya njano iliyopigwa mhuri: "Ombi linashughulikiwa." Ukiwa nayo, hakuna askari wa manispaa anayeweza kukufungia mpaka ujibiwe. Ukijibiwa ndiyo, unapata leseni. Ukijibiwa hapana, unafunga mlango.

Sisi hatukujibiwa kabisa.

Mimi nilikuwa mwaka wa tatu. Mzee mpaka rangi, mwenyekiti wetu, alikuwa mwaka wa tano. Mama mdogo alikuwa mwaka wa sita. Karatasi yake ilikuwa imepauka mpaka imekuwa nyeupe, na bado aliitia kwenye fremu juu ya meza ya kupigia pasi utadhani ni picha ya harusi.

Wenzangu hawakujali. Mimi iliniuma, na nina sababu.

Ng'ambo ya barabara kuu ilikuwa inajengwa shule mpya. Mageti kumi na mawili na ngazi zote za chuma. Injinia alikuja uchochoroni, akapapasa mishono yangu kwa kidole gumba, akasema, "Fundi, mkono wako una akili. Lete leseni, kazi ni yako."

Nikampa karatasi ya njano.

Akanirudishia kwa vidole viwili kama mtu aliyeshikishwa leso ya mwenye mafua. "Hii ni stakabadhi. Nimesema leseni. Nakusubiri miezi mitatu, isizidi."

Kesho yake asubuhi nilikuwa dirishani kwa afisa leseni.

Ofisi yake ilikuwa chumba kimoja. Meza moja, feni isiyozunguka, na nyuma yake kabati la chuma la kijivu lenye kufuli kubwa. Yeye mwenyewe ni mtu wa makamo, mwembamba, shati limepigwa pasi mpaka kola inakata. Ukimuuliza lolote, jibu ni "Kesho." Ndiyo maana nilimbatiza Bwana Kesho, na jina likamganda mji mzima.

"Shikamoo, afisa. Faili langu vipi?"

"Marahaba. Lipo."

"Lipo wapi?"

Akaonyesha kabati kwa kidevu. "Limelala."

"Basi liamshe."

"Kijana," akasema, "si kila aliyelala ni mgonjwa. Wengine wamelala ili wasife."

Mimi nikaona ananizungusha. Nikainama kwenye tundu la kioo, nikamnong'oneza, "Sema tu. Unataka chai?"

Yeye akasema, "Chai nimekunywa nyumbani kwangu. Nenda kafanye kazi. Kuna mtu amekufungia?"

"Hakuna."

"Mashine yako inawaka?"

"Inawaka."

"Basi unataka nini?"

"Nataka jibu!"

Nilipayuka mpaka foleni nzima ikanyamaza. Bwana Kesho akafunga dirisha taratibu. Kioo kikagusana na pua yangu.

Jamani, mimi niguswe pua na kioo? Mimi?

Jioni hiyohiyo nilitunga. Nikaandika kwa chaki kwenye karatasi ya bati mbele ya karakana yangu:

*Bwana Kesho kabatini, mafaili kayalaza,*
*Tunakaa mlangoni, miguu inatuoza,*
*Kalamu i mkononi, wino anauchuuza,*
*Hakimu yuko kitini, kesho yako aimeza.*

Kufikia keshokutwa uchochoro mzima ulikuwa unaimba. Washona viatu wanagonga nyundo kwa mapigo yake. Ikatoka nje, ikaingia sokoni, ikaingia shuleni. Watu wakaanza kumwimbia yule bwana njiani akitoka kazini.

Mstari wa tatu unasema anauza wino. Maana yake anakula rushwa. Ushahidi sikuwa nao hata chembe. Nilikuwa na kina cha "za", nikakijaza.

Mama mdogo peke yake hakuimba.

"Umemwona kwa macho yako akipokea?" aliniuliza, huku anakamua shuka.

"Sasa analaza mafaili kwa nini, mama?"

"Sijui. Na wewe hujui. Hapo ndipo pa kunyamazia."

"Wewe umezoea kunyanyaswa."

Akakung'uta lile shuka usoni mwangu, maji yakanirukia mpaka shingoni. "Mimi nimezoea kuchemsha maji, mwanangu. Miaka sita karatasi yangu haijanizuia kuchemsha maji. Yako imekuzuia nini?"

"Mageti ya shule."

"Nenda kaombe ya kwako basi. Mimi usinitie kwenye ngoma yako."

Nilikwenda mahakamani nikaomba fomu. Mtu wa masjala alinieleza vizuri, tena kwa upole. Akasema yapo maombi ambayo kwayo mahakama humwamuru afisa atimize wajibu wake aliokalia. Akaniuliza, "Unaomba kwa ajili yako, au pamoja na wenzako?"

Hapo ndipo palipokuwa na njia panda.

Ningesema "yangu tu", leo hii kisa hiki kisingekuwepo. Lakini niliona jinsi itakavyokuwa. Niliona wazee kwa vijana wamenibeba juujuu mpaka mlangoni mwa uchochoro. Nikasema, "Wote!"

Nikarudi kukusanya saini. Walisaini thelathini na tano, kwa mbwembwe, wengine wanaimba. Mzee mpaka rangi alisaini kwa kidole chenye rangi nyekundu, akanipiga bega. "Wewe ndiye wakili wetu!"

Mama mdogo alikataa. Aliirudisha kalamu bila hata kuacha pasi.

"Sitii saini kwenye jambo nisilolijua mwisho wake."

"Utanishukuru, mama."

"Nimekwambia usinitie."

Nikamtia.

Sikumghushia saini, siyo hivyo. Nilifanya kitu cha kijanja zaidi. Usiku nikaongeza mstari mmoja kwenye maombi yangu: "na wengine wote wa uchochoro huu ambao maombi yao yamekaa zaidi ya siku tisini." Mstari safi kabisa. Niliusoma mara tatu kwa raha zangu.

Siku ya kesi tulijaa mahakamani mpaka wengine wakasimama koridoni. Hakimu alikuwa mama mmoja mwenye sauti ndogo, lakini akisema unasikia mpaka mgongoni. Akamtazama Bwana Kesho.

"Afisa, maombi haya mengine yana miaka sita. Tatizo ni nini?"

"Mheshimiwa, yanashughulikiwa."

Tukacheka. Karani akatukanya.

"Kwa miaka sita?"

"Naomba mahakama inipe muda, Mheshimiwa."

"Muda gani?"

"Mrefu wowote ambao mahakama inaweza kutoa."

Hapo hata askari wa mlangoni alicheka. Mimi nilicheka zaidi ya wote, nimejishika kiuno.

Hakimu hakucheka. Akanigeukia. "Mleta maombi, naomba unisikilize vizuri. Mahakama hii inaweza kumwamuru afisa atoe uamuzi. Haiwezi kumwambia aamue vipi. Anaweza kukubali, anaweza kukataa, kwa mujibu wa sheria zinazomwongoza. Unaelewa?"

Nikasimama wima. Nilikuwa nimeazima koti.

"Naelewa, Mheshimiwa. Jibu lolote ni bora kuliko kimya."

Watu wakapiga makofi. Nilisikia mtu nyuma anasema, "Huyo ni noma!"

Bwana Kesho alikuwa amefumba macho.

Amri ikatoka. Maombi yote ya uchochoro wetu yaamuliwe ndani ya siku kumi na nne, na afisa akishindwa, aeleze mahakamani kwa nini asifungwe. Ndipo nilipotoka nje, na ndipo nilipopewa ile pole.

Siku zile za kusubiri nilitembea uchochoroni kama bwana harusi. "Wakili!" wananiita. "Wakili, njoo ukae hapa." Fundi makochi alinipa kiti alichokuwa anamtengenezea mteja, akasema nikikalie kwanza nikibariki. Injinia nilimpigia simu, nikamwambia aandae mkataba.

Siku ya kumi na mbili alikuja Bwana Kesho na wenzake wawili. Mkononi ana futi kamba, ile ndefu ya kupimia viwanja.

Walianza kwa mama mdogo. Mmoja ameshika ncha kwenye ukuta wa maghorofa, mwingine anavuta mpaka kwenye kizingiti. Bwana Kesho anaandika. Wakaenda mlango wa pili. Wa tatu. Kimya kimya, mpaka kwangu.

Nikawatania, "Mnapima nini? Mnatushonea suti?"

Wenzangu wakaangua kicheko.

Kwangu walipima mara mbili. Bwana Kesho alirudia yeye mwenyewe, akainama akasoma namba, akaniangalia, akaandika. Kisha akasema kwa sauti ya chini, "Mwanangu wa kike yuko darasa la nne. Shairi lako amelijua lote. Wanamwimbia kila siku akienda kunywa maji."

Nikamjibu, "Basi ana masikio mazuri."

Ndiyo. Nilimjibu hivyo. Nimesema nitasema yote.

Siku ya kumi na nne, asubuhi, alikuja mtu wa manispaa na bahasha thelathini na saba za kaki. Tulikusanyika mbele ya karakana ya mzee mpaka rangi. Yeye akafungua ya kwanza, akavaa miwani, akakohoa kidogo kama imamu anayetaka kuanza hotuba.

"Ombi lako," akasoma, "limekataliwa."

Akageuza karatasi kuangalia nyuma kama kuna maneno mengine. Akaendelea. "Kwa mujibu wa sheria ndogo ya manispaa, hakuna karakana inayotumia moto, moshi, gundi au kemikali itakayopewa leseni ndani ya mita hamsini kutoka nyumba za makazi. Unatakiwa kufunga ndani ya siku saba."

Bahasha zikaanza kupasuliwa kama mvua ya mawe inavyoanza kwenye bati, moja, mbili, halafu zote pamoja.

Limekataliwa.

Limekataliwa.

Fundi makochi alisoma yake akakaa chini, palepale kwenye vumbi. Mshona viatu alikuwa anauliza watu, "Yako inasemaje? Yako je?" kana kwamba ya mwenzake ingeweza kumsaidia.

Nikafungua yangu.

Nikaikunja haraka. Lakini mzee mpaka rangi alikuwa ameshaniona uso.

"Soma, Wakili."

"Mzee..."

"Ulisoma shairi kwa sauti. Soma na hii kwa sauti."

Nikasoma. "Ombi lako limekubaliwa. Umbali kutoka makazi: mita hamsini na tatu."

Hamsini na tatu. Karakana ya mwisho, pale ukuta unapopinda na kuachana na uchochoro. Katika watu thelathini na saba, nilipata mimi tu.

Hakuna aliyepiga kelele. Natamani wangepiga. Yule mzee alivua miwani yake, akaifuta kwa shati, akasema kwa utaratibu kabisa, "Kumbe ulikuwa unajua."

"Wallahi sikujua!"

"Walipopima kwako mara mbili ulikuwa unacheka."

Nilimtafuta mama mdogo kwa macho. Alikuwa ameshaondoka. Bahasha yake ilikuwa juu ya pipa, haijafunguliwa. Maji yalikuwa yanachemka.

Nilikimbia mpaka manispaa. Nilimkuta Bwana Kesho anatia vitu vyake kwenye boksi: kikombe, kalenda, picha ya binti yake. Kabati la kijivu lilikuwa wazi. Tupu.

"Umelipiza kisasi!" nikamwambia.

"Kaa chini."

"Sikai!"

"Basi simama, lakini funga mdomo mara moja katika maisha yako." Hakupandisha sauti. "Sheria ile ilipita mwaka maghorofa yalipokwisha. Miaka sita. Siku ambayo ningejibu, mngeondoka siku ileile, kwa sababu sheria hainipi nafasi ya kusema ndiyo. Nafasi niliyokuwa nayo ni moja tu. Kutojibu. Nikayafungia kabatini, nikaweka ufunguo mfukoni, nikawaambia kesho. Kila mwaka mkubwa wangu ananiuliza, namwambia kesho. Nimekosa kupandishwa cheo mara mbili kwa ajili ya ile kesho."

Nikakaa.

"Kwa nini hukuniambia?"

Akaniangalia kama mtu anayeangalia kidonda cha mwenzake.

"Nikwambie wewe? Jambo ukiambiwa asubuhi, jioni linaimbwa. Ningekwambia kwamba ninavunja sheria kwa ajili yenu, ungelitungia beti ngapi?"

Nikaliangalia lile kabati tupu.

"Nilikwambia kwa lugha ya ofisi," akasema. "Nilikwambia wengine wamelala ili wasife. Wewe ukasikia chai."

"Na mimi je? Faili langu ungelijibu peke yake. Mita hamsini na tatu!"

"Ili kukujibu wewe nilihitaji kuileta ile futi kamba uchochoroni. Futi kamba ikishafika, inapima wote."

Akafunga boksi kwa kamba. Alikuwa amehamishwa kwa sababu mahakama imemkuta mzembe. Wilaya ya mbali, peke yake, bila familia. Alipofika mlangoni nilitaka kumwomba radhi. Nilifungua mdomo, na kwa mara ya kwanza hakikutoka kitu.

Kulikuwa na matumaini bado, au sisi tulidhani yapo. Mzee mpaka rangi alisema, "Tuombe upya. Tutapewa karatasi nyingine za njano, tutaanza tena." Wakaenda wote, na mama mdogo akiwemo, kwa mara ya kwanza akiungana nao.

Dirishani walimkuta afisa mpya. Binti mchangamfu, ana kompyuta, ana tabasamu. Akawaambia, "Karibuni sana. Hapa siku hizi hatulazi faili la mtu. Ni amri ya mahakama."

Walipeleka maombi saa tatu asubuhi. Saa nane mchana walikuwa wamejibiwa wote.

Siku ya saba likaja lori la manispaa na vyuma bapa vya kuzibia milango. Askari wao alishuka, akauliza, "Nani fundi mwenye leseni ya kuchomelea hapa?"

Watu wote wakageuka kwangu. Hakuna aliyenyoosha kidole. Haikuhitajika.

"Mashine yetu imeharibika," askari akasema. "Utatuzibia milango hii. Utaandikiwa malipo yako."

"Siwezi," nikasema.

"Hiari yako. Basi tutapigilia misumari ya nchi sita. Milango itapasuka, lakini hiyo si shida yangu."

Milango ile ilikuwa mali yao. Mingine ya mninga, mingine ya chuma, watu wameivuta toka walikotoka, na sasa kitu cha kuuza walichobaki nacho ni mlango. Mzee mpaka rangi alinijia mpaka usoni. Ananuka tina ya kuyeyushia rangi kama siku zote.

"Wewe ndiye ulianza," akasema. "Imalize. Tena umalize vizuri, nisije nikakuta mlango wangu umeungua."

Nikaleta mashine.

Tulianza ndani kuja nje. Nilichomelea milango thelathini na tano, mmoja baada ya mwingine, na mbele ya kila mlango alisimama mwenyewe, mikono nyuma, anaangalia. Hakuna aliyenitukana. Fundi makochi alinisogezea waya usinikwaze, akasema, "Angalia usianguke, Wakili." Aliposema Wakili, wawili watatu wakacheka. Kicheko kile bado nakisikia nikishika mashine.

Mlango wa mwisho, wa thelathini na sita, ulikuwa wa mama mdogo.

Alikuwa amefungasha. Pasi tatu kwenye gunia, kamba zimeviringwa, mapipa ameshayauza. Mkononi ana kitambaa kilicholowa maji, maana mlango wake ni wa mbao na bawaba za chuma, na mbao zikipata cheche bila kitambaa kibichi zinashika moto. Anajua. Aliwahi kunishikia hivyo nilipokuwa najifunza kazi.

"Mama," nikasema.

"Usiniite mama. Niite wanavyoniita hapa. Niite Dobi."

"Mama, nisamehe."

"Nilikukatalia saini," akasema. Hakulia. Afadhali angelia. "Nilikukatalia mbele ya watu. Hukumu yako nimesomewa, nimemlipa mtu anisomee neno kwa neno. 'Na wengine wote.' Nani mwingine alikuwa amebaki bila kusaini, ila mimi?"

Nikaweka mashine chini.

"Mtu akiniibia shuka kwenye kamba, naelewa, ana shida. Wewe uliniibia hapana yangu. Chomelea."

Nikavaa kofia ya kioo cheusi, si kwa ajili ya mwanga. Nikachomelea. Yeye akashikilia kitambaa kwenye mbao, vidole vyake viko shubiri moja tu kutoka kwenye moto, havikutetemeka hata mara moja.

Nilipomaliza alingoja chuma kipoe, akapitisha kidole juu ya mshono kama injinia alivyofanya.

"Mshono mzuri," akasema. "Hauachii."

Akatupia gunia lake kwenye ule mgongo, akatoka. Niliambiwa anafua kwa mkono kwenye nyumba za watu, moja ya nyumba hizo iko ghorofa ya pili, palepale nyuma ya ukuta. Nimekwenda mara tano. Mara zote anawaambia watu waniambie hayupo, na mimi namsikia ndani akisugua.

Mageti ya shule niliyatengeneza. Kumi na mawili, peke yangu, katika uchochoro ambao sauti pekee ni ya mashine yangu. Injinia alitaka mstari wa shairi juu ya geti kubwa. Nilimwambia bei yake sina.

Sasa nakuambia wewe unayesoma, na hasa wewe kijana mwenye mdomo kama wangu.

Sheria ilikuwa upande wangu. Hakimu alikuwa upande wangu. Hata futi kamba ilikuwa upande wangu, kwa mita tatu. Waliokuwa upande wa pili ni watu wangu tu.

Kabla hujamlazimisha mtu afungue mdomo, jiulize kimya chake kimemficha nani. Na mtu akikuambia usimtie kwenye vita vyako, usimtie, hata kama una uhakika utashinda. Hasa kama una uhakika utashinda.